Tuonyesheni Hesabu, Machozi Tutayaleta Wenyewe

Haya ndiyo niliyoongea na vijana wa filamu Jumamosi hapa Dar. Waliokosa wamenisumbua sana inboksi, kwa hiyo nimeyaandika karibu kama nilivyoyasema. Slaidi nimeziacha, zilikuwa picha tu, na projekta yenyewe siku hiyo ilikuwa inazingua.

Wakubwa zangu mlioko hapa mbele, shikamooni. Wadogo zangu mliojazana kule nyuma mlangoni kama mnataka kukimbia, mambo vipi? Sogeeni, viti vipo.

Nimeambiwa niongelee filamu za maisha ya kawaida, maana skripti nyingi mlizoleta safari hii zinahusu shida. Nimezisoma. Kuna mjane, kuna yatima, kuna binti katoka kijijini kaja kufanya kazi za ndani, kuna baba mlevi, na kuna mvua. Jamani mvua! Joto lote hili la Dar lakini kwenye skripti zenu mtu akipata shida tu lazima mvua inyeshe, alowe, alie, kamera iingie klosapu, kinanda kianze.

Sasa niwaulize, na mnijibu ukweli, hapa hakuna mama mwenye nyumba anayesikiliza. Nani kati yenu miezi hii ya karibuni alikwama kodi, au luku ilikata akawa hana hata buku mbili ya kununua umeme? Nyoosheni mikono. Ehe. Karibu ukumbi mzima. Haya, wangapi mlilia?

Mnaona. Mnacheka. Hamkulia. Mlifanya nini? Mlipiga hesabu. Ulikaa kitandani na simu mkononi ukaanza kupekua majina, huyu nishamkopa, huyu akiona namba yangu hapokei, huyu anayo ila atamwambia mama, huyu nikimwomba thelathini atanipa kumi kwa hiyo bora niombe hamsini. Hiyo ndiyo shida inavyokuwa kwa mtu mzima mwenye akili zake. Anapiga hesabu asubuhi, anapiga tena mchana, usiku anazirudia labda kuna mahali alikosea kujumlisha.

Basi mimi nimekuja na neno moja tu leo na nitalirudia mpaka mnichoke. Tuonyesheni hesabu. Machozi tutayaleta wenyewe.

Tuanzie mbali kidogo. Kuna mzee wa Senegal anaitwa Ousmane Sembène, kazaliwa 1923, huyu hakutoka familia ya mabwana wakubwa, kafanya uashi, kafanya ukuli bandarini Marseille kule Ufaransa, akajifunza mwenyewe kuandika riwaya na akawa mwandishi mwenye jina. Lakini akagundua watu anaowaandika hawawezi kumsoma. Kuli mwenzake, mama muuza samaki, hawasomi Kifaransa. Mtu ana umri wa karibu miaka 40, ana vitabu vyake tayari, anaenda Moscow kujifunza kushika kamera kama mwanafunzi. Nawaambia hili nyie mnaosema mna miaka 27 mmechelewa.

Mwaka 1963 akatoa filamu fupi inaitwa Borom Sarret. Ni dakika kama 20 tu, nyeusi na nyeupe, mtu mmoja mwenye mkokoteni wa farasi Dakar, siku moja. Basi. Hakuna kingine. Sasa angalieni inavyokwenda. Asubuhi anaondoka nyumbani hawana kitu cha kula. Abiria wa kwanza ni watu anaowajua, kwa hiyo hawalipi, mnawajua wale. Anabeba matofali. Anampeleka mama mjamzito hospitali. Anapata vihela kidogo, halafu anatokea msifu ukoo, anaanza kumwimbia mababu zake, mashujaa, damu ya kifalme, jamaa anavimba kichwa anatoa zile hela anampa. Ukumbi mzima unasema aaah! Kwa nini unasema aaah? Kwa sababu ulikuwa unamhesabia. Ulishajua mfukoni ana nini na nyumbani kuna nini, na umemwona anavyotoa.

Anakuja baba kabeba maiti ya mtoto mchanga, anampeleka makaburini, mlinzi anasema karatasi hazijakaa sawa, na jamaa anaishusha ile maiti chini anaondoka. Anaondoka! Sembène hakumfanya malaika. Halafu anapata mteja kavaa suti anataka kwenda Plateau, mtaa wa wenye nazo ambako mikokoteni hairuhusiwi, anakataa, anashawishiwa, anaenda, polisi anamkamata na mteja anatokomea. Mkokoteni unachukuliwa. Jioni anarudi na farasi tu, mikono mitupu, na mke wake anampa mtoto amshike, anamwambia leo tutakula, na mama anatoka nje ya geti. Imeisha.

Niulizeni, yule mama anaenda wapi? Miaka zaidi ya 60 watu wanaiuliza. Hakuna aliyelia kwenye ile sini, mnaelewa? Kila kilichotokea kwenye zile dakika kilikuwa hela inaingia au hela inatoka.

Na hakuachia hapo. Mwaka 1968 akatoa Mandabi, mzee mmoja hana kazi, ana wake wawili, anapokea hawala ya posta kutoka kwa mpwa wake aliyeko Paris, faranga 25,000. Filamu nzima ni huyu mzee anajaribu kuitoa ile hela posta, hana kitambulisho, ili apate kitambulisho anatakiwa cheti cha kuzaliwa, ili apate cheti anatakiwa ajue tarehe, na wakati anazunguka huko mtaa mzima umeshasikia mzee kapata, wameshaanza kuja kukopa. Hela yenyewe nyingi si yake! Nani hapa hajawahi kuambiwa "nimesikia umepata"? Sembène kachukua kitu hicho hicho kafanya filamu ndefu, watu wanacheka wanaumwa mbavu huku mzee anazama.

Sasa niwarudishe hapa kwetu. Mimi kazi yangu ni edita, mnajua, nakaa gizani na makosa ya watu wengine. Kuna kijana aliniletea kazi yake, filamu fupi ya mama anauza maandazi, mama halisi wa mtaani kwao si akta. Kwenye toleo lake la kwanza mama analia, na kinanda, na mwanga wa machungwa wa jioni, kila kitu. Ilikuwa nzuri kwa macho na haikunifanya chochote, nilikuwa nawaza chakula cha mchana. Nikamwambia niletee ile diski yenye takataka, vile vipande ambavyo hukuvitumia. Ndani humo kuna kipande kirefu, kamera iliachwa inarekodi huku wao wakipanga taa, mama hajui kama anapigwa picha. Amekaa kwenye kigoda kashika mauzo ya siku, anayagawa mafungu kwenye sinia. Fungu la unga na mafuta la kesho. Fungu la luku. Fungu la mchezo, zamu ya kutoa ilikuwa kesho yake. Fungu la rejesho, maana alikuwa na mkopo wa kausha damu, mnaijua hiyo, wanakuja kila wiki na hawana utani. Limebaki fungu la mwisho ni sarafu. Anaangalia. Anatoa kidogo kwenye luku anaweka pale. Anaangalia tena. Anarudisha.

Tukatoa kinanda, tukatoa machozi yote, tukaweka kile kipande kizima bila kukikata. Yule kijana alininunia, alisema nimeiua filamu yake. Siku ikaonyeshwa kwenye kibanda umiza, banda la video la mtaani kwao, watu wa pale si wa kukaa kimya, mnawajua, walilelewa na sauti ya Lufufu akiwatafsiria muvi za nje, wamezoea filamu kuongea na wao kuijibu. Basi mama alipofika kwenye lile fungu la mwisho kibanda kizima kikaanza kupiga kelele. "Toa ya mchezo!" "Ya mchezo hawezi kutoa, watamfukuza!" "Akate luku alale giza!" "Ana mtoto anasoma wewe!" Mzozo wa kweli, watu wazima wanagombana kuhusu bajeti ya mama ambaye wako naye mtaa mmoja na hawajawahi kumuuliza maisha yanaendaje. Hakuna aliyemhurumia. Walikuwa wanamsaidia kufikiri.

Hapo ndipo filamu inapotakiwa ifike wadogo zangu. Mtazamaji akishakuwa anapiga hesabu na mhusika wako umemshika, hatoki, hata umeme ukikatika atasubiri.

Twende kwa kizazi chenu. Mo Harawe, mnamjua? Msomali, kazaliwa Mogadishu 1992, kaenda Austria akiwa kijana. Mwaka 2024 filamu yake ndefu ya kwanza, The Village Next to Paradise, ikaingia Cannes, lile tamasha kubwa la filamu Ufaransa, kwenye kitengo cha Un Certain Regard. Picha zake kazipiga Somalia kwenyewe. Inaanzaje? Inaanza na taarifa ya habari ya televisheni ya Uingereza, shambulio la droni Somalia, mtangazaji kavaa vizuri, maneno makubwa makubwa. Halafu tunakata tunaletwa kwenye kijiji upepo unavuma haunyamazi, na jamaa mmoja anaitwa Mamargade anachimba kaburi. Ni kibarua tu kwake, kimoja kati ya vibarua vyake vingi.

Mmeona alichofanya? Pale habari inapoishia ndipo filamu inapoanzia. Mtangazaji akisema mtu kauawa, kwake imeisha, anaingia michezo na hali ya hewa. Lakini kuna mtu lazima achimbe, na lazima alipwe, na akirudi nyumbani kuna mtoto shule ya kijijini imefungwa na kuna shule ya bweni mjini inayotaka ada, na kuna dada mtu kaachika anatafuta hela ya kufungua duka lake la kushona. Vita ipo, haijafichwa, ila imekaa nyuma kama ule upepo. Mbele kuna ada na cherehani. Mimi hii naiona ni akili kubwa sana, maana dunia nzima ikisikia Somalia inategemea bunduki, na huyu kijana kawapa karo.

Nitoke nje ya mada kidogo. Ule upepo mnausikia kwa sababu mtu alijali sauti. Nyie mnakopa kamera ya mamilioni halafu soundi mnachukua na maiki ya kamera hiyo hiyo. Acheni. Mtazamaji atakusamehe picha mbaya, sauti mbaya hakusamehi.

Halafu kuna Msomali mwingine, Khadar Ahmed, kakulia Finland, filamu yake ya 2021 inaitwa The Gravedigger's Wife. Ndiyo, tena mchimba kaburi, msinicheke, si mimi niliyewapangia. Kaipiga Djibouti, yote kwa Kisomali, na mwaka huo huo ikachukua zawadi kubwa ya FESPACO kule Ouagadougou, ile ya Étalon de Yennenga, tamasha ambalo lipo tangu 1969 na kwa sisi Waafrika ndilo lenyewe hasa. Guled na wenzake wanakaa na machepeo yao nje ya hospitali wanasubiri mtu afe wapate kibarua. Siku moja Guled anaambiwa hospitali kwamba figo za mke wake Nasra zimeharibika, operesheni inataka dola 5,000.

Dola 5,000. Imetajwa mapema, imetajwa wazi, na kuanzia hapo kila unachokiona unakipima kwa hiyo namba. Anachimba shimo, ni kiasi gani cha 5,000? Anabeba mizigo, kiasi gani? Hakuna haja ya mtu kueleza ni maskini kiasi gani.

Lakini subirini, sijamaliza, hapa ndipo wengi wenu mnapoangukia. Guled na Nasra wanapendana. Wanapendana kweli, wanataniana, kuna siku wanajipamba wanaenda kwenye harusi ya watu ambayo hawakualikwa na wanafurahi kweli kweli. Figo zimeoza na wanacheza! Kwa nini skripti zenu maskini hacheki? Mnakaa nao, mnatoka kwao, wengine ndio nyinyi, mmesikia utani wa kijiwe cha bodaboda ulivyo, jamaa hajafikisha hesabu ya bosi siku ya tatu, bosi anatishia kuchukua pikipiki, na bado ndiye anayewavunja mbavu wenzake. Akifika kwenye skripti yako anakuwa bubu, macho chini, mabega yameanguka. Huyo umemtoa wapi? Nadhani mmemtoa kwenye picha za mabango ya misaada. Hata Nairobi Half Life ya David "Tosh" Gitonga, ya 2012, kijana katoka kijijini anataka kuwa akta, siku ya kwanza tu mjini anaibiwa kila kitu, inatisha ile filamu, watu wanakufa mle, na bado nusu ya muda unacheka.

Lugha nitaigusa tu. Sembène Mandabi aliitoa kwa Kiwolofu, Nairobi Half Life ina Sheng yake, Amil Shivji wa hapa hapa kwetu kaipeleka filamu yake Vuta N'kuvute kwenye tamasha la Toronto mwaka 2021 wahusika wanaongea Kiswahili cha Unguja na hakuna Mkanada aliyezimia. Acheni kuandika dayalogi kama tangazo la benki. Imetosha.

Sasa nije kwenye jambo litakalowaudhi baadhi yenu. Kuna tabia ya kuzicheka bongo muvi zile za enzi za DVD, za Kariakoo, kwamba kila filamu ni sebule ya Mbezi Beach, sofa kubwa, ngazi za ndani, mama kavaa wigi analala na mekapu. Mimi nilizihariri zile. Zililisha watu, na ziliuzika mpaka Kongo na Burundi. Na mjiulize kwa nini mama wa Mbagala aliyepanga chumba kimoja alikuwa anatoa hela yake kununua ile sebule. Umaskini wake anaujua, haulipii. Kwa hiyo ukitaka aje aangalie maisha kama yake lazima umpe kitu ambacho kule kwake hakipati. Unampa nini? Unampa nafasi ya kuona akili yake mwenyewe. Kile kibanda nilichowaambia hawakuwa wanaangalia umaskini, walikuwa wanaangalia mtu mjanja amebanwa kona, na huyo kila mtu anataka kujua atatokaje. T-Junction ya Shivji, ya 2017, ni wamachinga wa njia panda, na wamepangana pale kwa sheria zao na uswahiba wao, hawakai wanasubiri kuonewa huruma.

Na wapo watazamaji wengine, wa mbali, wenye mifuko ya kufadhili. Sisemi msichukue hela yao, Sembène mwenyewe alichukua hela ya Wafaransa, na hizo filamu mbili za Wasomali zina hela ya Ulaya. Chukueni. Ila mjue kwamba kwenye yale maombi kuna swali halijaandikwa popote, je, ni ya kusikitisha vya kutosha? Na mkono wako wenyewe utaanza kuongeza yatima mmoja, halafu ugonjwa, halafu ubakaji ambao hadithi haikuuhitaji. Nimeona skripti inaingia kwenye maombi ina watu sita wazima na inatoka ina makaburi matatu. Hadithi ilikuwa ya mtu anatafuta kodi ya miezi sita! Mwenye nyumba anataka miezi sita kwa mkupuo, mtu analipwa kwa siku. Hiyo haitoshi? Hiyo ni trila kabisa.

La mwisho, na hili si la sanaa. Kuna mtengeneza filamu wa Kongo, Dieudo Hamadi, kazaliwa Kisangani 1984. Juni 2000 majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana ndani ya mji huo siku sita, mji wa watu wengine. Watu wakafa, watu wakakatika miguu. Miaka inapita, fidia hakuna. Hamadi anapanda boti na kundi la wale waathirika, wana magongo, wana miguu bandia, wanateremka mto Kongo kwenda Kinshasa kudai. Filamu ya 2020, En route pour le milliard, wako njiani kufuata bilioni yao, jina lenyewe ni deni. Mvua ya kweli inawanyeshea mle, tena usiku, na wanagombana kuhusu turubai nani analishika wapi. Baadaye, 2022, mahakama ya kimataifa kule The Hague ikaiamuru Uganda iilipe Kongo dola milioni 325 kwa mambo ya vita ile. Hamadi alikuwa ameshakaa na wale waathirika muda mrefu kabla ya hapo, kalala walipolala.

Ndiyo maana nawauliza, mama wa maandazi alilipwa? Nilimuuliza yule kijana. Kanyamaza, kasema alimnunulia soda. Wewe umempiga picha siku nzima, hakuuza, rejesho liko pale pale, umempa soda! Kwenye bajeti yako kuna hela ya kukodi lenzi na hakuna fungu la mwenye maisha. Nikamwambia sitoi faili mpaka amlipe siku zake zote alizomkalisha, kwa bei ya mauzo yake, na alilipa, kwa kununa lakini alilipa. Mtu unayemwonyesha anavyohesabu usimharibie hesabu. Na muonyesheni kabla hamjampeleka popote, akisema kipande hiki toa, mkae mzungumze, kama hamkubaliani kinatoka.

Haya. Kazi ya Jumamosi ijayo. Kila mtu alete ukurasa mmoja, ukizidi sisomi. Mtu mmoja unayemjua, siku moja. Aliamka na shilingi ngapi, alilala na shilingi ngapi, katikati ilikwenda wapi na nani aliichukua na kwa maneno gani. Sitaki kuona "anahuzunika". Sitaki dayalogi zaidi ya mistari minne. Muulizeni mwenyewe, msibuni, na kama hataki kusema muandike kwamba hakutaka na alifanya nini badala ya kujibu.

Maswali sasa, haraka, wenye ukumbi wanakuja saa kumi kudai chao. Dada wa kilemba cha kijani anza wewe, halafu yule kaka pembeni ya feni. Na wewe unayerekodi na simu, geuza basi uilaze, unanichukua miguu tu.